Kaseti Iliyooshwa Kama Mkebe wa Maziwa

Katika miji yote inayouzunguka Mlima Kenya, kuanzia Karatina hadi Nanyuki na kurudi kwa njia ya Meru, hakuna mtu aliyenakili kaseti nyingi za gemu kuliko mimi, Wairimu wa Gatitu. Nasema hivyo bila hofu ya kupingwa, kwa sababu sijasikia mwingine aliyejaribu. Sasa macho yangu hayaoni pini ndogo mpaka nivae miwani juu ya miwani, na karakana nimewaachia ninyi mlio na macho mapya. Mmeniomba niandike jinsi kazi ilivyokwenda. Mambo ya vyeo na mishahara nitayaruka. Vyeo nilijipa mwenyewe, na mshahara vilevile.

Kwa atakayesoma haya bila kuijua kazi yetu, nieleze. Zamani, kabla gemu hazijahamia kwenye simu, mtu alinunua mashine ndogo ya kuunganisha na televisheni, na kila gemu ilikuja ndani ya kisanduku cha plastiki kinachotoshea kiganjani. Sisi tulikiita kaseti, ingawa ndani hamna utepe wala nyimbo. Mna kibao cha kijani chenye chipu. Kazi yetu ni kusoma kilichomo ndani ya chipu hizo, kukihifadhi kama faili ya kompyuta, kuipa faili jina sahihi, na kuiweka mahali ambapo haitapotea, kabla chipu yenyewe haijafa. Basi. Inasikika rahisi, ndiyo maana watu wengi huiharibu.

Niliondoka nyumbani na diploma ya elektroniki, nimeifunga kwa plastiki isije ikalowa. Huko Uingereza hakuna aliyetaka kuiona. Nilipiga deki hospitalini, nikasukuma vitanda, nikafua mashuka ya watu ambao hawakujua Nyeri iko bara gani. Sikunung'unika. Nilijua ni suala la muda tu kabla mtu mwenye akili hajanigundua.

Mtu huyo aliitwa Desmond, fundi mzee mzaliwa wa Jamaika, aliyesimamia chumba cha chini ya ardhi katika jumba moja la kuhifadhi michezo ya zamani. Alikuwa akitafuta msaidizi. Tulioitwa siku hiyo tulikuwa wengi, na kila mmoja alipewa kaseti ileile na kuulizwa swali moja: hii ni gemu gani? Wenzangu walitazama stika iliyobandikwa mbele, wakaona gari, wakajibu kwamba ni mbio za magari. Mimi niliigeuza, nikaona kichwa cha skrubu moja kimechubuka, nikamwambia, "Sijui, sijaifungua. Lakini yuko mtu aliyeifungua kabla yangu." Desmond alicheka mpaka akashika meza. Ndani kulikuwa na gemu ya kuvua samaki. Wiki iliyofuata nilirudisha ufagio wa deki wa hospitali.

Desmond hakuwa mwalimu wa maneno mengi. Alinikalisha kando yake na kuniacha nitazame mikono yake. Pini za kaseti alizisugua kwa kifutio cheupe, kile cha mtoto wa shule, kwenda upande mmoja tu, kisha akazifuta kwa pamba iliyoguswa na spiriti. Kupuliza alikataza kabisa. Kila mtoto duniani, wa Kingston, wa Tokyo na wa Tetu kwetu Nyeri, alipoona gemu haiwaki aliitoa kaseti na kuipuliza, na hakuna aliyefundishwa na mwenzake. Pumzi ina mate, na mate huleta kutu. Nimeona kaseti zilizopulizwa kwa upendo mpaka zikaoza.

Kisha kuna kisomaji, kifaa cha kuchomekea kaseti ili kompyuta isome chipu baiti kwa baiti, yaani namba mojamoja. Hapa ndipo nawaomba mnisikilize. Nakala ya kwanza si nakala, ni fununu. Unasoma, unaitoa kaseti, unaisafisha tena, unaichomeka upya, unasoma tena. Kila faili kompyuta inaipigia hesabu na kutoa namba ndefu, ambayo mimi huiita alama ya kidole. Baiti moja ikibadilika, alama yote inabadilika. Alama zikifanana kila unaposoma, una nakala. Zikitofautiana, una tatizo, na tatizo hilo mara nyingi ni uchafu, mara chache ni uzee wa chipu, na mara nyingine ni wewe.

Baada ya hapo unaipa jina. Kwanza jina la gemu kama linavyoonekana kwenye skrini inapowaka, si kwenye stika. Halafu, katika mabano, nchi ilikotolewa, na toleo kama yapo zaidi ya moja. Mwishoni kabisa, ikiwa nakala ina kasoro, herufi b katika mabano ya mraba, ili anayekuja baadaye ajue kwamba faili hii ni mbovu na aendelee kutafuta nzima. Nimewaona vijana wakiona haya kuandika hiyo b, kana kwamba ni wao wanaoandikwa. Iandikeni. Desmond aliwahi kunifukuza mezani kabla sijamaliza chai kwa sababu tu nilimuuliza kama tungeweza kujaza pengo la faili kwa kubahatisha. Alisema, "Tunanakili kilichomo. Wanaotaka kilichopaswa kuwamo waende kanisani." Chai ilipoa na nikaelewa.

Niliporudi nyumbani, Gatitu nzima ilitarajia gari. Nilishusha masanduku ya nyaya, visomaji na televisheni za kizamani zenye tumbo kubwa. Jirani yangu alisimama kwenye ua, akahesabu masanduku kwa macho, akamwambia mumewe kwa sauti ya kunifikia, "Ati amekaa ng'ambo hiyo miaka yote, akaleta takataka ya wazungu?" Nilijenga nyumba ya mawe mbele yake, chumba baada ya chumba, kwa kazi ya hiyo takataka: majumba ya kumbukumbu na wakusanyaji wa nje waliendelea kunitumia kaseti zao ngumu, na hata leo wananitafuta. Jirani siku hizi ananiita Madam.

Lakini kaseti za hapa kwetu hazikuwa kama za kule. Za kule ziliharibiwa na vumbi la stoo. Zetu ziliharibiwa na matunzo. Mtu wa Tetu akitaka kukinga kitu cha thamani na baridi na unyevu, anakiweka kwenye dari ya jikoni, juu ya moto wa kuni, kando ya mbegu za mahindi. Nimepokea kaseti zilizokaa huko tangu kumbi za gemu, ambako watoto walilipia kucheza, zilipofungwa, nyeusi kama sufuria, pini zimefunikwa na masizi yenye mafuta ambayo kifutio kinateleza juu yake tu. Desmond hakuwahi kuona kitu kama hicho. Nilijifunza mwenyewe kuyalainisha kwa spiriti vuguvugu na kuyakwangua kwa kijiti cha mwanzi, kwa sababu chuma kinakwangua na dhahabu ya pini. Halafu kulikuwa na zile kaseti zilizojisifu kwenye stika kwamba zina gemu mia, ndani zina nne zinazorudiwarudiwa kwa majina tofauti. Mimi mwenyewe najisifu, kwa hiyo sikuzilaumu, lakini niliziandika nne.

Sasa nifike kwenye kesi ambayo nawaandikia hasa.

Asubuhi moja ya kiangazi waliingia karakanani mzee na mkewe, kutoka Naro Moru. Mzee alikuwa mrefu, amevaa koti zuri na kofia ya kitambaa, na alikaa kabla sijamkaribisha. Mke alibeba kikapu, na ndani ya kikapu, chini ya taulo, kulikuwa na kaseti ya gemu iliyong'aa kuliko kaseti yoyote niliyowahi kuona.

"Wewe ndiye yule mama wa kaseti?" mzee akaniuliza.

"Ndimi Wairimu. Diploma ya elektroniki, na miaka mingi ya..."

"Hiyo ya diploma nimeiona hapo ukutani, umeitundika juu kuliko kalenda. Mimi ni Githaiga. Hii kaseti ni yangu. Si ya kununua. Nimeitengeneza mimi."

Watu wengi wameniambia hivyo, na wengi walimaanisha kwamba waliwahi kubandika plasta kwenye plastiki iliyopasuka. Nikamwomba aeleze. Alieleza vizuri sana, na nusu ya maelezo ilikuwa sifa zake, jambo lililonipendeza. Ujanani alifanya kazi Nairobi kwa watu waliokuwa wakitengeneza mashine za kamari, na huko kulikuwa na kifaa cha kuandikia chipu. Mwishoni mwa wiki, wengine wakienda kunywa, yeye alibaki. Alichukua gemu ya mpira wa miguu ya Kijapani, akaifungua namba kwa namba, akaondoa timu zote za mle na kuweka zake: Nyeri, Karatina, Nanyuki, Naro Moru. Wachezaji aliwachora upya kwenye karatasi ya hesabu, kijumba kwa kijumba. Nyuma ya goli akaweka mlima. Akaandika yote kwenye chipu mbili, moja ya maagizo na moja ya picha, akarudi Naro Moru na kufungua ukumbi wa gemu, na kwa muda watoto wa mji ule walicheza mpira wa mji wao.

"Halafu?" nikamuuliza.

"Halafu mashine mpya zikaja, mimi nikafunga, kila mtu akasahau. Sasa nikisema nilitengeneza gemu, wananiita Mzee wa Hadithi."

"Na sasa kuna kazi," akasema mkewe, ambaye tulimwita Mama Nyokabi.

Kazi yenyewe ilikuwa hii. Chuo kidogo cha ufundi cha Naro Moru kilikuwa kinatafuta mtu wa kufundisha elektroniki. Githaiga aliiweza kazi, lakini hakuwa na cheti hata kimoja. Aliiambia kamati ya chuo habari za gemu. Mwenyekiti wa kamati, mfanyabiashara aitwaye Karanja, akamcheka mbele ya watu na kumwambia, "Leta hiyo gemu tuione, Mzee. Ukikosa, tafadhali usirudi kutupotezea muda." Kikao kilikuwa wiki hiyohiyo. Kwa hiyo kaseti ile ndiyo iliyokuwa cheti chake, na hakukuwa na nyingine.

Niliichukua kaseti. Ilinukia sabuni.

"Mama Nyokabi," nikasema polepole, "hii imeoshwa?"

"Si ilikuwa chafu! Ilikuwa kwa dari miaka yote, nyeusi tii. Nikasema mzee hawezi kwenda mbele ya kamati na kitu kama hicho. Nikaifungua na bisibisi, nikaosha kila kitu na maji moto na sabuni, vile naosha mikebe ya maziwa."

"Na kuikausha?"

"Kwa kichanja, pamoja na mikebe. Jua linaua kila kijidudu. Nimeiacha huko siku kadhaa ikauke sawasawa. Hata yale makaratasi machafu yaliyokuwa yamebandikwa ndani nikayatoa. Yalikuwa yamekwama kweli, nikayakwangua na kisu."

Githaiga alikuwa akimtazama mkewe kama mtu anayesikia hukumu. Alijua. Mimi pia nilijua, na kwa ninyi ambao hamjawahi kushika chipu za aina hiyo, nieleze tulichokijua.

Chipu ya kiwandani imeandikwa milele. Lakini chipu ya kuandikwa na mtu mmoja, kama zile za Githaiga, ina dirisha dogo la kioo juu ya mgongo wake. Ukitaka kufuta yaliyomo ili uandike upya, unaimulika kupitia dirisha hilo kwa taa maalumu yenye mwanga mkali kama wa jua. Ukitaka yabaki, unabandika karatasi juu ya dirisha. Yale makaratasi machafu yalikuwa ndiyo mlango na kufuli. Mama Nyokabi aliyatoa, akaziweka chipu madirisha yakitazama juu kwenye kichanja cha mikebe, kwenye jua la Naro Moru, ambako ni juu sana mlimani na jua halina hata ukungu wa kulipunguza saa sita mchana. Mtu wa Uingereza angeweza kuiacha chipu dirishani majira yote ya baridi bila madhara. Sisi tuna jua la kukausha mikebe.

"Umenifuta, mama," Githaiga akasema kwa sauti ndogo. "Umenifuta kabisa."

"Mimi nimekuosha!" Mama Nyokabi akajibu, na machozi yakamtoka palepale. "Ungeniambia ni kitu ya kufichwa jua! Miaka yote hii umenieleza vile ulichora mlima, vile ulichora goli, hujawahi kuniambia nisitoe karatasi!"

Kabla hawajaendelea nilikuwa nimekwisha kufunika madirisha yote mawili kwa utepe mweusi wa mafundi wa umeme. Nikawaambia wanyamaze, wanywe chai, na kama wanataka kulia walie baada ya kusikia kutoka kwangu.

Nilisoma chipu ya maagizo kwanza. Nikasoma tena. Alama za vidole hazikufanana. Nikasoma mara nyingine, nayo ikatoa alama yake. Chipu ya picha ilikuwa vilevile. Kila nilipoiuliza swali lilelile ilinijibu tofauti, kama mtu aliyelewa. Nilijaribu kuichezesha kwenye mashine: skrini ikawaka, ikatoa vipande vya rangi vilivyotawanyika, ikaganda.

"Imekufa?" akauliza Githaiga.

"Maiti hujibu kitu kimoja kila wakati," nikamwambia. "Hii inasitasita. Inayositasita iko hai."

Hapo ndipo diploma, Desmond na miaka ya chumba cha chini ya ardhi vilipokaa pamoja kwenye meza moja. Ndani ya chipu kama ile, kila baiti imehifadhiwa kama chaji ndogo ya umeme katika vijumba visivyohesabika. Jua linavujisha chaji hiyo kidogokidogo. Halikuwa limemaliza, lilikuwa limevifikisha vijumba mahali pa kushindwa kuamuliwa, ambapo kisomaji kinaona kijumba kilekile mara kimejaa, mara kiko tupu. Kisomaji cha kawaida huipa chipu volti tano. Desmond aliwahi kunionyesha kwamba ukiipunguzia chipu umeme, kijumba kilichovuja nusu kinarudi kuonekana kimejaa, kwa sababu umeme unaokijaribu umepungua nguvu. Ni kama kumwuliza mgonjwa kwa sauti ya chini. Nilichomoa waya wa umeme wa kisomaji na kuuunganisha na kisanduku changu chenye kitufe cha kuzungusha, cha kupandisha na kushusha volti.

Nikashuka kidogo, nikasoma. Tofauti zikapungua. Nikashuka tena. Chini sana chipu inazimia kabisa na kutoa upuuzi, kwa hiyo unatembea kwenye ukingo. Nilipokuwa nimekaribia volti nne, chipu ya maagizo ilitoa alama moja ya kidole. Nikasoma tena: ileile. Nikaitoa, nikaichomeka upya, nikasoma: ileile. Githaiga alikuwa amesimama nyuma yangu akitazama skrini, na nikasikia kofia yake ikivuliwa.

Chipu ya picha ilinisumbua zaidi. Nilizungusha kile kitufe kwa upana wa unywele. Mwishowe baiti zote zilikubaliana isipokuwa moja. Hiyo moja, kwa volti yoyote, iligeukageuka. Nilipofungua picha nikaona inakaa wapi: kwenye mlingoti wa goli. Mlingoti mweupe, na katikati yake mstari mdogo mweusi, kama umekatwa kwa msumeno.

Tuliichezesha nakala hiyo kwenye televisheni. Skrini ikawaka, MPIRA WA MLIMA, na vilele vya mlima nyuma, vilivyochorwa kijumba kwa kijumba, na theluji ya rangi ya samawati kidogo kwa sababu, alivyoeleza Githaiga, nyeupe zilikuwa zimeisha. Mama Nyokabi aliweka kikombe chini.

"Kumbe ni kweli," akasema.

"Kumbe nini?" Githaiga akageuka. "Na wewe pia hukuamini?"

"Niliamini, Baba Nyokabi. Niliamini vile mtu anaamini bwana yake."

Nikaipa faili jina. Mpira wa Mlima, na katika mabano, Kenya. Nikaweka na jina la Githaiga, kwa sababu kazi ya mtu mmoja inastahili jina la mtu. Mwishoni nikaandika b katika mabano ya mraba. Mzee alivaa kofia yake na miwani yake kwa pamoja.

"Hiyo b ni ya nini?"

"Ni alama ya nakala mbovu. Kuna baiti moja ambayo sikuipata."

"Umeniandika mimi mbovu?"

"Nimeiandika nakala, Mzee, si wewe."

"Lakini huo mlingoti mimi ndiye nilichora! Ni mweupe kutoka juu mpaka chini. Niulize, nikuambie, urekebishe. Kazi ya kubonyeza mara moja! Kwani utanipeleka mbele ya Karanja na goli lililokatika?"

"Nitakupeleka na kilichotoka kwenye chipu."

"Madam, mimi ndiye mwenyewe!"

"Najua. Ndiyo maana sigusi. Nikigusa baiti moja, hata moja, Karanja akiniuliza kama nimetia mkono wangu humu, nitamjibu nini?"

Alinung'unika kwa Kikuyu jambo kuhusu wanawake wenye diploma. Msibishane na mteja wa namna hiyo. Mimi sikumbishia tena. Nilichukua chipu mbili mpya, nikaandika humo nakala ile na kasoro yake, nikazifunga ndani ya kaseti tupu.

Siku ya kikao nilikwenda nao Naro Moru. Darasa la chuo lilikuwa na baridi, na kamati ilikaa na makoti. Karanja alikuwa mwanamume mnene mwenye sauti ya mtu anayemiliki duka la pembejeo na bucha, navyo anavimiliki. Kando yake alikaa mweka hazina, Mama Muthoni, rika lake, aliyesoma naye shule moja. Githaiga alileta mashine yake ya zamani, ile ya ukumbi wake, nami nikaunganisha televisheni.

Gemu ikawaka. Watu wakasogeza viti. Naro Moru ilitokea kwenye orodha ya timu na mtu nyuma akapiga mluzi.

Karanja hakupiga mluzi. "Vizuri sana," akasema. "Na huyu mama ni nani?"

"Wairimu wa Gatitu. Diploma ya elektroniki, msimamizi wa kunakili kaseti Uingereza, na fundi pekee wa kazi hii kutoka hapa mpaka Embu."

"Basi ni mtu wa kompyuta. Mtu wa kompyuta anaweza kuunda hii juzi, kwa siku moja."

"Anaweza," nikasema. "Angeunda, angeweka mlingoti mzima. Tazama goli lile. Chipu ilichomwa na jua, tukapoteza baiti moja, na hakuna aliyeigusa. Zile chipu zenyewe hizi hapa, na faili imeandikwa kuwa mbovu."

"Kosa pia linaweza kuundwa, Madam."

Alikuwa na haki, na nilimheshimu kwa hilo. Kwa mtu ambaye hakuwa kwenye karakana, neno langu lilikuwa neno tu. Nilimwona Githaiga akikunja mikono juu ya magoti. Mama Nyokabi alikuwa amefumba macho.

"Chagua Naro Moru," Githaiga akaniambia. "Uwaonyeshe timu."

Nilibonyeza. Majina ya wachezaji yakapanda skrini, mmoja mmoja, kwa herufi kubwa. Nilikuwa nimeyaona karakanani, lakini kwangu yalikuwa majina tu. Darasani pale yalikuwa watu. Mwanamume mmoja akasema, "Huyo ni ndugu yangu!" Mwingine akataja aliyekuwa mchezaji bora wa ukumbi, aliyehamia Mombasa. Mwisho likatokea jina la golikipa: KIGUTA.

Mama Muthoni alipiga ukelele, akajifunika uso kwa khanga. "Wee! Kiguta! Ngai, Kiguta!"

Karanja alivuta kola ya koti mpaka masikioni. Kwa wasiojua Kikuyu, kiguta ni mvivu. Ndilo jina ambalo watoto wa ukumbi ule walimwita Mwenyekiti alipokuwa mdogo, na kwa maelezo ya Mama Muthoni, aliyekuwa akifuta machozi, hakuna aliyethubutu kulitamka tangu Karanja alipoanza kuvaa tai. Mimi sikulijua. Hakuna mtu wa Gatitu ambaye angelijua.

"Mzee Githaiga," Karanja akasema hatimaye, "hili jina ulilitoa wapi?"

"Kwako. Wenzako walikuwa wanakuita hivyo mkiwa kwa foleni, nami nilikuwa nikisikia. Nilidhani ni jina lako."

Darasa zima lilicheka, na baada ya kupigana nalo kidogo Karanja pia alicheka, kicheko cha tumbo, akakiri mbele ya wote kwamba alikaa kwenye ukumbi ule kila Jumamosi. Akamwambia Mama Muthoni aandike kwamba Mzee Githaiga ataanza kufundisha wiki ijayo. Kisha akavua koti, akavuta kiti mbele ya televisheni na kushika kontrola, na Githaiga akakaa kando yake na kuchukua Nanyuki. Walicheza. Mpira wa kwanza uliingia goli la Naro Moru bila golikipa kusogea. Wa pili pia. Wa tatu pia.

"Lakini Mzee," Karanja akalalamika, akibonyeza kwa nguvu, "huyu kipa wangu ana shida gani? Si hiyo nayo ni ile kasoro ya jua?"

Githaiga hakuondoa macho kwenye skrini. "Hapana, Mwenyekiti," akasema. "Muulize Madam. Hapo chipu ilisomeka vizuri kila mara."